Baba alivyojitetea kwa kitabu cha dunia sambamba mbele ya ukoo wa mama, Kinole

Wakuu, habari za majukumu. Wanaostahili shikamoo, pokeeni popote mlipo.

Ninachoandika si chai. Mama yangu yupo hai, na akiukuta uzi huu atasema nimepunguza, sio nimeongeza.

Juzi kuna mdau humu aliuliza kama kuna ulimwengu mwingine ambao sisi hawa hawa tunaishi maisha tofauti. Wengi mlimcheka. Mimi sikucheka, maana swali hilo liliwahi kukaa nyumbani kwetu kama mpangaji.

Tuliishi Morogoro mjini. Baba alikuwa fundi mitambo kwenye kiwanda cha nguo. Yeye ni mtu wa Singida, mama ni Mluguru wa Kinole, huko milimani.

Ikaja ile miaka ya ruksa. Mitumba ikajaa sokoni, viwanda vikaanza kuuzwa na vingine kufungwa, baba akapunguzwa kazi na wenzake. Wa umri wangu mnaikumbuka hali ile, saa nne asubuhi mtaa mzima wanaume wapo nyumbani.

Sasa kulikuwa na kitabu.

Kiliandikwa kwa Kiingereza na profesa mmoja wa fizikia wa nje, akakileta mhadhiri jirani yetu. Kinene, hesabu tele, lakini katikati ya hesabu kulikuwa na maelezo ambayo hata mimi wa kidato cha tatu niliyaelewa.

Profesa anasema jambo likiweza kwenda njia mbili, linakwenda zote mbili. Dunia inagawanyika hapo hapo. Mtu aliyefika njia panda anapita kulia na anapita kushoto, ila kila mmoja anadhani yuko peke yake. Na hakuna dunia iliyo halisi kuliko nyingine.

Kitabu kile kilitikisa mji jamani. Walimu wa sekondari walikigombania, padri alikitaja kwenye mahubiri, shehe akaulizwa msikitini. Kwenye kijiwe cha bao mafundi waliopunguzwa walikijadili kuliko mpira. Mtu akifungwa anasema huko kwingine nimeshinda mimi.

Baba alikisoma, akakirudia. Kiingereza alikiokota kwenye vitabu vya mashine.

Mwanzoni kilimsaidia, nisikidhulumu. Alikuwa hali, hasemi. Akaanza kutueleza kwamba kuna dunia ambayo kiwanda kinanguruma na yeye yupo zamu. Mama akawa anamjibu, "Basi mwambie wa huko atuletee unga."

Mwisho mjomba, kaka yake mama, akatuita Kinole tukalime.

Hapa wasio wenyeji nisikilizeni. Kwa Waluguru ardhi ni ya ukoo, na ukoo unafuata kwa mama. Mimi na wadogo zangu ni wa ukoo ule. Baba ni mkwe tu. Mkwe anapewa shamba, analima mahindi na maharage, hakuna wa kumsumbua. Ila hapandi mti wa kudumu, kwa sababu anayepanda mti anadai ardhi.

Baba alilijua hilo tangu anaoa.

Msimu wa kwanza alipanda maharage. Msimu wa pili akapanda mikarafuu, mistari imenyooka kama nyuzi za kiwandani.

Mjomba alipoiona hakugomba. Aliitisha kikao cha ukoo. Na sote tulijua kinachofuata: mkwe anayedai ardhi anarudisha shamba na kuondoka. Mama ingebidi aamue, amfuate mumewe Singida au abaki kwao na sisi. Siku zile nilikuwa silali vizuri.

Tulikaa uani kwa mjomba asubuhi. Baba akaulizwa kwa nini amepanda. Tulitegemea aombe radhi.

Akasimama akaeleza kitabu.

Wakuu, alikieleza tangu mwanzo, na alikieleza vizuri. Wazee walisikiliza kweli. Mmoja akauliza kama huko kwingine nako kuna ngedere wanaokula mahindi. Baba akasema lazima wapo.

Kisha akafika anapotaka. Akasema kati ya dunia hizo ipo moja ambayo yeye amezaliwa hapa Kinole, na mama wa ukoo huu. Yule anapanda miti na hakuna anayemuuliza. "Mimi na yule ni mtu mmoja. Sijavunja mila."

Mjomba akabaki anakuna kidevu. Nadhani alikuwa anaanza kukubali.

Ndipo mama akauliza taratibu, "Baba Vero, huko ulikozaliwa kwenye ukoo wetu, mimi ni nani wako?"

Watu wa ukoo mmoja ni ndugu, hawaoani. Kila aliyekaa pale alilijua jibu.

"Dada yangu," baba akasema.

Wanawake wakaangua kicheko. Mama hakucheka. Alisema, "Mimi niliolewa na mtu wa Singida," akajifuta macho na ncha ya khanga.

Baba akatoka, akashuka shambani, sote nyuma yake. Akaanza kung'oa mikarafuu, mche mmoja mmoja na udongo wake, anailaza juu ya majani ya mgomba. Alipomaliza alimwambia mjomba, "Shamba ni lenu, shemeji. Yule wa huko ana miti, lakini hawa hana." Alikuwa anatunyooshea kidole sisi watoto wake.

Mjomba akaniita mimi. "Vero, wewe wa ukoo gani?"

Nikautaja ukoo wa mama.

"Haya, panda."

Nikairudisha mikarafuu kwenye mashimo yale yale. Baba alichuchumaa pembeni akinielekeza kina. Hakugusa mche hata mmoja, na hakuna aliyemwambia aondoke.

Funzo nililobaki nalo ni hili. Huenda profesa yuko sahihi. Huenda kuna dunia baba hakupunguzwa kazi, na nyingine ana shamba lake mwenyewe lisilo na masharti. Nyingi kati ya hizo mimi sipo. Baba alipewa nafasi ya kuzitamani zote mbele ya watu, akachagua hii ambayo hana hata mti, ila ana mimi.

Waliokisoma kitabu kile, na watoto wa waliopunguzwa viwandani, uwanja ni wenu. Wazee wenu walishikilia nini miaka ile?