Ugali na Dagaa Ndani ya Taksi ya Kabeza

Mwaka wa tisini na mbili barabara ya kwetu Kabeza, pembeni mwa Kigali, ilikuwa na mashimo ambayo tembo angetumbukia tusimwone hata masikio. Kwa hiyo taksi, ndivyo tulivyoita vile vibasi, zilitutoza nauli kamili mjini kisha zikatumwaga njia panda, tupande kilima kwenye matope.

Mama mwenye nyumba wangu, mjane mzee wa Kigoma aliyeletwa Rwanda na ndoa, aliuza dagaa sokoni mjini. Goti lake lilivimba kama boga. "Kilima hiki kikiendelea hivi," aliniambia, "naiacha meza yangu, narudi kwa kaka yangu nikale kwa kuhurumiwa."

Badala ya kufunga mizigo, akazunguka nyumba kwa nyumba kwa wanawake wenzake wa sokoni. Kila mmoja abebe sufuria ya chakula. Taksi ikisimama njia panda, asishuke, afunue, ale.

Wakashika midomo. Kigali mtu mzima hali mbele za watu, na bibi kizee akila barabarani, aibu humrukia aliyemfikisha hapo. Mama mwenye nyumba aliijua aibu hiyo: alipokuwa mgeni alitafuna hindi la kuchoma akitembea, mtaa mzima ukatazama pembeni.

"Mama mkwe akisikia, ananirudisha kwetu," jirani mmoja akasema.

"Wewe funua tu, mwanangu. Kutafuna niachie mimi."

Jioni yenyewe, darasa nililofundisha shule ya usiku lilinisubiri bure. Nilikuwa kiti cha nyuma cha taksi, pamoja nao. Taksi ikasimama njia panda. Hakushuka mtu. Vifuniko vikalia. Bibi akamega ugali, akachovya kwenye mchuzi wa dagaa, akatafuna taratibu kama yuko harusini. Harufu ilifika uwanja wa ndege, naapa.

Dereva akageuka, akaziba macho kwa kiganja. "Mukecuru, bibi, iko nini sasa? Watu inaangalia gari yangu."

"Umesema hapa ndipo mwisho wa safari. Basi nakula nilipofikia. Karibu."

Mpita njia akachungulia dirishani. "We dereva, hauna mama?"

Konda alikwisharuka chini, kasimama mbali kama hatujui.

"Funika, mama," dereva akasema. "Funika, tunapanda."

Tukapanda kilima, gari likilia kila shimo. Kesho yake ilikuwa zamu ya dereva mwingine, naye sufuria zikamfunukia. Wiki haikuisha, makonda wote wakawa wanaita "Kabeza mpaka juu".

Bibi hakurudi Kigoma. Madereva walimshusha mlangoni, wakamshikia na kapu. Nami, mpangaji tu, nilishuka nyuma yake kifua mbele kama mtoto wa waziri.