Vidole Nilivyovitoa Kwenye Picha

Mjukuu wangu anasoma chuo hapa Morogoro. Mwezi uliopita alinionyesha kwenye kompyuta filamu fupi za propaganda za Wajerumani wa wakati wa vita kuu ya pili. Chuma kinayeyuka, nyundo zinashuka pamoja, nyuso za mafundi zinang'aa kwa jasho, na mtangazaji anazungumza kana kwamba tanuru ndilo taifa lenyewe na anayechoka ni msaliti.

"Babu, viwandani mle kulikuwa na mateka wakifanyishwa kazi kwa nguvu," akasema. "Kamera haiwageukii. Aliyeandika maneno haya alilalaje?"

"Alilala vizuri tu. Mimi nililala."

Akacheka. Ikabidi nimweleze.

Nikiwa kijana mwenye cheti cha kidato cha nne, niliandika maelezo ya filamu ya kiwanda chetu. Nilitakiwa kuonyesha kwamba mashine ndizo uhuru wetu, na mvivu ni adui wa taifa. Siku ya kupiga picha nilimwondoa fundi mmoja, Mnyamwezi, ambaye mashine yake ilikuwa imemkata vidole vitatu. Nikamsimamisha pale mwenye mikono mizima, nikaandika kwamba mashine ile haijawahi kumdhuru mtu. Alipolalamika, wakubwa walisema filamu inajieleza, amejiumiza kwa uzembe. Wakamfukuza.

Alinifuata ofisini. "We Mluguru! Mashine imenikata vidole, wewe umenikata mkono mzima!"

Waluguru na Wanyamwezi ni watani. Tunatupiana maneno hata msibani na hakuna anayekasirika. Nikamjibu, "Mnyamwezi vidole vya nini? Si mnabeba mizigo kwa kichwa?" Ofisi nzima ikacheka. Naye akacheka kidogo, akaondoka.

Mjukuu hakucheka. Aliuliza tu kama mtu huyo yu hai. Yupo Dumila, anauza vitunguu. Miaka yote hii tumekuwa tukipigiana simu sikukuu na kutaniana.

Nikampigia palepale.

"Mluguru! Bado hujafa? Nasubiri ubwabwa wa msiba wako!"

"Leo sitaki utani," nikasema. "Ile filamu. Nilijua mashine imekukata, na bado nikaandika vile. Nilikukosea."



"Siku ile ofisini sikuwa nakutania," akasema. "Njoo Jumamosi, uyaseme hayo mbele ya wanangu. Wamekua wakijua baba yao alifukuzwa kwa uzembe."

Nikamwambia nitakuja.