Kofia ya Vita Iliyotembea

Siku ya kwanza kazini nilikabidhiwa ndoo ya gundi na rundo la magazeti, nikaambiwa nijenge ngome. Nilikuwa nimetoka kupunguzwa bandarini, watoto wananisubiri nyumbani Greyville, hapa Durban. Nikajisemea, haya Hamisi, mzee huyu kachanganyikiwa, lakini mshahara ni mshahara.

Mzee mwenyewe tulimwita Meneja, mwalimu mstaafu wa mtaa wa Overport, aliyekuwa anafungua nyumba ya mizuka karibu na ufukwe, ya watu kulipa kiingilio ili watishwe.

"Hadithi za kutisha zilianza kwa mchezo," alinieleza. "Tajiri mmoja Mwingereza alijijengea ngome ya uongo, kuta zimebandikwa karatasi iliyochorwa mawe. Humo akaota ndoto, akaandika kitabu, akadai ni cha kale. Watu wakaamini! Nasi tutacheza hivyo hivyo. Ila siku ya ufunguzi wasipopiga kelele, tunafunga."

Kazi ilikuwa hivi, vijana: unakunja wavu wa waya, ule wa banda la kuku, upate umbo, unabandika vipande vya gazeti vilivyoloweshwa gundi, tabaka juu ya tabaka, vikikauka unapaka rangi. Tukatengeneza kofia ya vita kama ile ya kwenye kitabu cha Mwingereza, kubwa ya kuingia mtu mzima, nyepesi ajabu. Gundi alipika Mama Furaha, Mkongo wa Bukavu. Tukiwa tabaka la mwisho, la ndani, akaniita.

"Unga ya ngano imeisha, papa. Iko ya fufu tu, ya muhogo."

"Itashika?"

"Eish! Fufu yangu inashika mpaka vidole!"

Siku ya ufunguzi kundi la kwanza likaingia. Hakuna aliyepiga kelele. Bibi mmoja akapiga miayo, nikaiona kazi yangu inapotea. Mara kofia ikatikisika, ikainuka upande, ikaanza kutujia. Mama yangu! Watu walitoka mbio wakipiga mayowe, Meneja mbele yao. Kumbe tumbili, wale wezi wa majikoni ya Durban, walinusa fufu wakaingia ndani ya kofia familia nzima kulamba. Walipochungulia na midomo myeupe, watu walicheka mpaka machozi, wakapanga foleni upya.

"Hamisi," Meneja akasema akihema, "hao nimewaajiri."

Tangu hapo Mama Furaha alipika sufuria mbili, ya gundi na ya tumbili. Nami nilidumu pale, nikasomesha wanangu wote kwa kutisha watu. Kazi tamu, acheni!

Nimestaafu juzi. Siku ya kuniaga, kofia ikatembea tena, polepole, mpaka miguuni kwangu. Niliuona mkongojo wa Meneja umetokeza chini, na kikohozi chake cha uzee nilikisikia. Nikapiga yowe kwa nguvu zangu zote, nikakimbia hadi nje.