Baba Yetu Kwenye Migomba ya Plastiki

Wakongomani wa Rågsved, ughaibuni kwa wazungu, wakitaka mtu wa kusimamia harusi au matanga, walimwita Bonaventure, Papa Israël kwa jina la mwanawe. Mtu wa watu, msafishaji wa ndege, hana makuu. Ila sala ya Baba Yetu hakuiongoza kamwe. Akiombwa, kikohozi kilimshika. Mkewe Emérithe alidhani ni mapafu.

Mapafu yalikuwa mazima. Mwaka 2003, akiwa bado mgeni, alipata kibarua cha siku moja kwenye ghala huko Märsta. Aliambiwa ni sinema ya kuchekesha, mzungu kapotea msituni. Wakamvika manyoya, wakamsimamisha kati ya migomba ya plastiki, yeye aliyekulia kwenye lami ya Bukavu. Wakamtaka aseme kitu kirefu kwa lugha ya kwao, kama mganga. Kichwa kikawa kitupu. Kilichomjia ni kile alichofundishwa na mama yake kabla hajajua kufunga vifungo. Akainua mikono, akasali Baba Yetu yote. Wakampigia makofi, wakamruhusu aende.

Miezi sita baadaye aliona sura yake kwenye jalada la kanda ya video, dukani, kwenye rafu ambayo watu huipita wakitazama sakafu. Mbele yake, pichani, mwanamume na mwanamke uchi wa mnyama. Ndipo alipojua ni sinema ya ngono waliyoipiga baada ya yeye kuondoka. Aliona haya mpaka masikio yakawaka.

Mwaka 2011 kanisa lao la Hallunda likamchagua mzee wa kanisa, na siku ya kusimikwa mzee mpya huongoza Baba Yetu. Kikohozi hakikumwokoa. Alipofika kwenye mkate wa kila siku alifumbua macho, akamwona Kambale, mwalimu wa kwaya, amemkodolea. Kambale akainama haraka, kama mtoto aliyekutwa na kidole kwenye sukari.

Baada ya ibada Kambale alimfuata penye makoti.

"Papa Israël, hii sauti nilishaisikia. Usiniulize wapi."

Bonaventure alijua wapi: kwenye ile kanda. Siri ilikuwa salama, maana atakayeitoa atajianika mwenyewe. Lakini hakupata nafuu. Sasa kila Jumapili wangekuwa wawili wa kukwepana macho.

Nyumbani, kabla ya kuvua viatu, akamweleza Emérithe yote: ghala, manyoya, rafu. Alitegemea makelele. Emérithe akaketi, asimtazame.

"Na ile sala, uliifikisha mpaka Amina?"

"Mpaka Amina."

Emérithe akavuta kitenge, akajifunika uso kwa haya: Baba Yetu nzima ilikuwa imo kwenye kanda ile.