Bwana Tanzia na Wimbo wa Dada Yake

Saa nne na dakika kumi asubuhi, muuza soda wa chumba cha jirani anazima friji yake. Ni mara ya tatu wiki hii kuombwa hivyo, na leo anaizima kwa msonyo unaopenya ukuta.

Kunakuwa kimya. Ndani ya chumba cha kurekodia, chenye magodoro yaliyopigiliwa misumari ukutani, wanamuziki saba wamekaa viwiko vikigusana. Mbele yao, juu ya kreti la soda lililogeuzwa, amesimama mzee mfupi wa miaka sitini na mmoja. Anainua kijiti. Taa nyekundu inawaka.

Sekunde kumi na nne baadaye anakishusha.

"Vipi?" anamuuliza mama anayepiga fidla kubwa, ile inayoshikwa katikati ya magoti.

"Mzee, huyu bado anaumwa tu. Hajafa."

Wenzake wanacheka. Yeye hacheki. "Tunarudia," anasema. Upande wa pili wa ukuta jirani anapaza sauti kuuliza kama friji aiwashe au aiuze kabisa.

Wanachotafuta ni muziki wa kutangazia vifo. Kila jioni, baada ya taarifa ya habari, kituo cha televisheni huonyesha picha za marehemu, na kabla ya picha ya kwanza hupigwa muziki mfupi. Unaopigwa sasa aliutunga yeye, miaka ishirini na saba iliyopita. Ametunga na kuongoza muziki wa filamu kumi na tisa na tamthilia sita, na hakuna anayezikumbuka. Mtaani wanamwita Bwana Tanzia.

Mtaa nao una maneno. Wapo wanaoapa kwamba siku moja alipiga mluzi kwenye foleni ya benki, foleni ikaisha yenyewe. Kinyozi wake husimulia habari za mteja aliyemwona akiingia, akatoka mbio na nusu ya ndevu.

"Nusu ya ndevu ni uongo," anasema. "Alikuwa hajaanza kunyolewa."

Kisichochekesha ni mahali muziki huo ulikotoka.

Mama yao alifariki yeye akiwa na miezi mitano. Dada yake, binti wa miaka kumi na miwili, akaacha shule akambeba mgongoni. Alimbembeleza kwa wimbo mmoja tu, aliouunga mwenyewe vipande vipande, kwa kuwa ule wa mama yao hakuwahi kuushika vizuri.

"Kituo kilinipa siku moja," anakumbuka. "Meneja wa wakati ule alitaka kitu cha kumshika mtu roho. Nimekaa mpaka mchana, kichwani hamna kitu. Basi nikachukua wimbo wa dada, nikaupunguza mwendo mara nne, nikaushusha chini. Nikalipwa mara moja, kodi ya miezi miwili. Nikasema hataujua."

Dada aliujua jioni ileile. Alikuwa anakula, akasukuma sahani.

Hakumgombeza. Lakini mwaka uliofuata, mkwe wake alimpokonya mtoto mikononi: "Mama, unamwimbia mtoto tanzia?" Tangu siku hiyo hakuimba tena. Wajukuu tisa wamekua katika nyumba ile bila wimbo.

Sasa dada ana miaka sabini na mitatu. Figo zote mbili zimegoma. Husafishwa damu mara mbili kwa wiki, na daktari aliyekuwa akitaja miezi siku hizi hataji chochote. Mwezi uliopita alimwita mdogo wake akamketisha kitandani.

"Nimekulea, sijawahi kukudai," alimwambia. "Nirudishie wimbo wangu. Sitaki nitangazwe nao."

Kituo kilimjibu kwamba muziki ni mali ya kituo, na hautaondolewa mpaka alete mwingine ambao watazamaji wataukubali. Aliupeleka wa kwanza, ukajaribiwa jioni tano. Zikapigwa simu mia mbili na kumi. Familia moja ililalamika kwamba baba yao ametangazwa kwa mlio wa tangazo la sabuni. Mzee mwingine alikosa mazishi ya ndugu yake, maana alikuwa jikoni na hakusikia cha kumtoa huko. Siku ya sita ule wa zamani ukarudi.

Wa pili meneja aliukataa haujafika mwisho. Huu wa leo ni wa tatu, na meneja amesema wazi hatasikiliza wa nne.

Wanarudia mara ya nane, ya tisa, ya kumi. Mashati yameganda mgongoni. Ndipo Bwana Tanzia anapogundua kitu ambacho masikio yake yamekizoea kiasi cha kutokisikia. Kabla ya kupiga, wanamuziki wote huvuta pumzi pamoja wakifuata mkono wake. Fundi sauti huifuta pumzi hiyo kila mara, kama mtu anayepangusa vumbi.

Safari hii anainua mkono, saba wale wanavuta pumzi, naye hashushi. Sekunde moja. Mbili. Tatu. Kisha fidla kubwa peke yake, chini kabisa. Wengine wanaifuata, na wote wanaachia kabla sauti haijafika ilikokuwa inakwenda.

"Pumzi niifute?" fundi anauliza.

"Ukiifuta nakufuta wewe."

Mama wa fidla kubwa ameinamisha kichwa. "Huyu amekufa," anasema. Hakuna anayecheka.

Saa tisa alasiri Bwana Tanzia yuko chumbani kwa dada yake. Kitanda kiko karibu na dirisha, beseni liko chini, televisheni imefunikwa shuka. Simu ya meneja inamkuta hapo. Ameusikiliza, kituo kimeukubali bila majaribio, na utaanza kupigwa tarehe moja.

"Hiyo ni lini?" dada anauliza.

"Siku kumi na saba, dada."

Anatazama dari, anahesabu. "Kumi na saba ni nyingi."

"Dada, usiseme hivyo."

"We nyamaza. Mgongoni ulikuwa unalia hivihivi, na makamasi unanifutia mimi." Anageukia mlangoni, alikosimama mjukuu wake wa kike, anayemuuguza, akiwa na mtoto wa wiki saba. "Huyo hajasikia taarifa ya habari hata moja. Nileteeni."

"Bibi, mimi nikiusikia tu mwili unanisisimka."

"Basi wewe toka nje. Na huyu mtunzi wenu mtoe."

Mjukuu anasita. Kisha anamlaza mtoto kifuani pa bibi yake, anatoka, anarudisha mlango na kuziba masikio kwa viganja.

Bwana Tanzia ameegemea ukuta wa korido. Anasema tarehe moja ikifika atauandika wimbo huu kwa mwendo wake halisi, kwa jina la dada yake, aupeleke kwa kila mtu anayetengeneza filamu yenye mtoto. Watu wazima hawatasahau kwamba ulikuwa wa tanzia, anajua. Yeye anawataka ambao hawajazaliwa.

Ndani, sauti iliyokauka inaanza, inakatika, inaanza tena. Mtoto analia. Wimbo unafika mwisho, bado analia.

"Dada aendelee tu," anasema Bwana Tanzia. "Mimi nilikuwa silali mpaka mara ya tano."