Do ya Mwalimu

Mwalimu wa kwaya ya kigango chetu, huku milimani Kipatimu, alikuwa hapingwi. Mwezi uliopita shangazi yangu, mwimbaji wa sauti ya kwanza, alimwambia mbele ya wote, "Mwalimu, do yako, noti ya kuanzia, iko juu mno, tutakwama."

Mwalimu akamfukuza kwaya palepale. Mimi wa besi, kila siku nilikuwa naomba mwalimu na yeye aanguke, tena upesi.

Sikukuu ya somo wa kigango, mtakatifu msimamizi wetu, umeme ukakatika, kinanda kikazima. Mwalimu akatoa do kwa mdomo, tukaanza. Kufika mstari wa tatu sauti ya kwanza wakakwama, mmoja akakohoa, wote kimya. Mwalimu akatoa do nyingine, juu vilevile. Hakuna aliyefungua mdomo.

Ndipo shangazi, kutoka benchi la nyuma la waumini, akatoa yake ya chini. Kwaya nzima ikaifuata bila kungoja mkono wa mwalimu.

Leo shangazi ndiye ameongoza. Mwalimu alikuja akasimama pembeni yangu kwenye besi.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Ukurasa wa ngapi?"

Nikamsogezea kitabu tusome wote.