Wabaya wa Ndani ya Televisheni ya Baba

Juzi nilipita kwa fundi wa televisheni pale Kondele, nikakuta wanaonyesha tena ule mchezo wa jukwaani wa zamani, wa wenye suti wanaogombania mali ya marehemu. Watu walicheka. Mimi nilisikia harufu ya omena, wale dagaa wa ziwani.

Maana tuliuona nyumbani nikiwa mtoto mdogo, siku chache baada ya kumzika baba, kwenye televisheni yake ya betri ya gari. Betri yenyewe ilikuwa nzito, ilichajiwa sokoni, lakini wacha hiyo. Baba mdogo, mzee wa kanisa, alicheka mpaka akafuta machozi kwa tai.

“Shemeji, watu wengine hawana haya kabisa!”

Mama aliendelea kugeuza omena kwenye sufuria.

Mchezo ulipoisha, baba mdogo akachomoa waya, akaibeba televisheni ingali na joto. Mimi niliamini wale walafi wanaishi mle ndani, na yeye anatuondolea. Nikakimbia kumfungulia mlango.

“Wapeleke mbali, Baba! Usiwarudishe!”

“Siwarudishi, mtoto wangu.”

Katika yote aliyotuahidi wakati wa matanga yale, hilo tu alilitimiza.